Kituo Kikubwa cha Tiba: Njia Tatu za Kukua na Kiongozi Anayefaa kwa Kila Moja

Bodi ya hospitali kubwa inapotafuta mkurugenzi mtendaji mpya, mjadala wa kwanza huwa ni kama achaguliwe daktari au mtaalamu wa utawala, na mjadala huo huweza kuchukua miezi kabla ya mtu yeyote kuuliza kituo kinataka kukua kwa njia gani. Kwa maoni yangu, mpangilio huo umekaa kinyume. Kituo kinachotaka kuongeza wodi na vyumba vya upasuaji mahali kilipo, kituo kinachotaka kufungua tawi katika mji mwingine na kituo kinachotaka kuungana na jirani yake vina kazi tatu tofauti mbele yao, na mtu aliyefaulu sana katika moja anaweza kushindwa vibaya katika nyingine. Kwa hiyo ulinganisho huu unaanza na njia za kukua, kisha unawageukia viongozi. Umekusudiwa wajumbe wa bodi, wakuu wa idara na wengine ambao siku moja watatakiwa kupiga kura juu ya mambo haya.

Kukulia mahali kilipo

Hoja yenye uzito zaidi ya kukulia mahali pamoja ni idadi ya wagonjwa wa aina moja wanaopita mikononi mwa timu moja. Mwaka 1979 watafiti wa Marekani walichunguza aina 12 za upasuaji katika hospitali 1,498, wakakuta kwamba kwa upasuaji mgumu kama ule wa moyo na wa mishipa ya damu, hospitali zilizofanya 200 au zaidi kwa mwaka zilikuwa na vifo pungufu kwa asilimia 25 hadi 41, hata baada ya kuzingatia tofauti za hali za wagonjwa. Tangu hapo uhusiano huo umethibitishwa kwa magonjwa mengi. Timu inayoona tatizo lilelile kila siku hulitambua mapema linapoanza kwenda mrama, na wauguzi wa zamu ya usiku huwa wameshazoea dalili ambazo katika hospitali ndogo huonekana mara chache kwa mwaka.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa huduma za kiharusi nchini Uingereza. Mwaka 2010 jiji la London lilipunguza idadi ya hospitali zinazopokea wagonjwa wa kiharusi katika saa za mwanzo kutoka takribani 30 hadi vitengo 8, na kila mgonjwa wa kiharusi akawa anapelekwa moja kwa moja kwenye kimojawapo. Manchester nayo ilifanya mageuzi mwaka huohuo, lakini kwa kuwa baadhi ya hospitali hazikuridhika, utaratibu ulilegezwa na wakapelekwa kwenye vitengo maalumu wale tu waliofikiwa ndani ya saa 4 tangu dalili kuanza. Katika miji yote miwili siku za kulazwa zilipungua, lakini ni London pekee ambako vifo vilipungua kuliko ilivyokuwa sehemu nyingine za nchi, na baadaye Manchester ililazimika kurudi mezani na kupanua utaratibu wake. Madaktari wa miji hiyo miwili walikuwa na elimu sawa na dawa zilezile. Tofauti ilikuwa kwamba London ilikuwa na mamlaka ya afya ya mkoa iliyosimama nyuma ya mpango wa madaktari na haikurudi nyuma pale hospitali zilizopoteza huduma zilipolalamika.

Njia hii ina kikomo chake, na mara nyingi kikomo hicho huonekana kwanza kwenye vitanda. Utafiti uliochapishwa Uingereza mwaka 1999 ulionyesha kwamba wastani wa ujazo wa vitanda ukivuka asilimia 85, hatari ya kukosa nafasi kwa mgonjwa wa dharura huanza kuonekana, na ukifika 90 upungufu huwa wa mara kwa mara. Wakurugenzi wengi wakiona wodi zimejaa huagiza michoro ya jengo jipya. Hatua hiyo si lazima iwe ya kwanza. Katika hospitali nyingi, msongamano wa katikati ya juma hautokani na wagonjwa wa dharura, ambao huja kwa mpangilio unaotabirika kuliko tunavyodhani, bali hutokana na upasuaji uliopangwa, ambao madaktari wapasuaji huupenda uwe mwanzoni mwa juma ili wasibaki na wagonjwa wapya mwishoni mwake. Hospitali ya watoto ya Cincinnati iliusambaza upasuaji wa aina hiyo katika siku zote za kazi, ikaepuka kujenga vitanda ambavyo ilikuwa imekusudia kujenga. Hospitali ya Virginia Mason ya Seattle, Marekani, chini ya daktari Gary Kaplan aliyeanza kuiongoza mwaka 2000, ilichukua mbinu za uzalishaji za Toyota na kuzitumia kufuatilia kila hatua ambayo mgonjwa, sampuli ya maabara na dawa hupitia. Mageuzi ya namna hii hayapendwi na wanaotafuta sifa, kwa kuwa hakuna mfadhili anayeomba jina lake libandikwe kwenye utaratibu mzuri wa kuwaruhusu wagonjwa kurudi nyumbani kabla ya adhuhuri.

Kujenga matawi

Tawi hubeba jina la kituo mama tangu siku ya kwanza, ilhali ujuzi wa kituo mama huchelewa kufika. Hapo ndipo penye hatari yote ya njia hii. Mayo Clinic, iliyoanzia Rochester katika jimbo la Minnesota, ilifungua tawi Jacksonville mwaka 1986 na jingine Arizona mwaka 1987, zaidi ya miaka 60 baada ya ndugu wawili waasisi kukabidhi mali za kliniki yao kwa taasisi isiyogawana faida mnamo 1919. Haikuwa na haraka. Ilipoamua kwenda, iliwatuma madaktari waliolelewa Rochester wakawe msingi wa tawi, ikapeleka pia mfumo wa mishahara usiomlipa daktari kwa idadi ya vipimo au upasuaji, na desturi ya jalada moja la mgonjwa linalosomwa na idara zote, iliyoanzishwa mwaka 1907 na daktari Henry Plummer.

Aravind ya Madurai, India, ilianza mwaka 1976 ikiwa na vitanda 11 vya wagonjwa wa macho, ikakua kuwa mtandao wa hospitali ambao ni miongoni mwa mikubwa zaidi duniani katika upasuaji wa mtoto wa jicho. Mwasisi wake, Dkt. G. Venkataswamy, alikuwa amestaafu utumishi wa serikali. Kilichosafiri kwenda kwenye matawi ya Aravind kilikuwa utaratibu wa chumba cha upasuaji, ambamo daktari hugeuka kutoka meza moja hadi nyingine huku wasaidizi waliofunzwa na taasisi yenyewe wakiwa wamekwisha mwandaa mgonjwa anayefuata. Kwa hiyo tawi jipya halikulazimika kubuni lolote.

Ukilinganisha na kukulia mahali pamoja, tawi lina faida ya kumfikia mgonjwa asiyeweza kusafiri na ya kupunguza utegemezi wa mji mmoja, lakini hugawanya ile idadi ya wagonjwa ambayo ndiyo iliyokifanya kituo kiwe bora. Kwa sababu hiyo ningelipendekeza kwa huduma zinazojirudia na zenye hatua zinazoandikika, kama vile macho, usafishaji wa damu kwa wagonjwa wa figo, uzazi usio na matatizo na ufuatiliaji wa magonjwa sugu, na nisingelipendekeza kwa upandikizaji wa viungo. Cleveland Clinic ya Marekani ilipofungua hospitali Abu Dhabi mwaka 2015 ilikwenda na huduma ngumu pia, ila ilikuwa na mshirika mwenye mtaji mkubwa na ilikuwa imejiandaa kwa miaka mingi. Kituo kisicho na vyote viwili kisiutumie mfano huo kujipa moyo.

Kuungana

Kwenye karatasi, kuungana ndiyo njia ya haraka kuliko zote. Siku moja hospitali ina vitanda vyake, na siku ya pili, baada ya sahihi kutiwa, ina vitanda maradufu, nguvu kubwa zaidi mbele ya kampuni za bima na hoja nzuri ya kukopa. Katika utendaji ndiyo njia ndefu kuliko zote, na historia yake ina mafunzo mengi kuliko ya njia mbili zilizotangulia.

Mwaka 1997 hospitali za Chuo Kikuu cha California, San Francisco, ambacho ni cha umma, ziliunganishwa na zile za Stanford, ambacho ni cha binafsi. Mwaka 1999 uamuzi wa kutengana ulikuwa umekwisha tolewa. Kampasi hizo mbili zilitengana kwa zaidi ya kilomita 50, kila upande ulibaki na wakuu wake wa idara walioteuliwa na chuo chake, na idadi ya wafanyakazi, ambayo ilitarajiwa kupungua kwa kuondoa kazi zilizofanana, iliongezeka. Hasara ikafuata. Hapakuwa na udhaifu wa kitabibu hata kidogo, kwani vyuo vyote viwili vilikuwa miongoni mwa vilivyoheshimiwa zaidi duniani. Kilichokosekana ni mtu mwenye uwezo wa kuamua kwamba idara fulani itakuwa na mkuu mmoja na itafanyia kazi mahali pamoja.

Mwaka 1998, mwaka mmoja baada ya muungano huo wa California, New York Hospital na Presbyterian Hospital ziliungana kuwa NewYork-Presbyterian, ambayo ipo hadi leo. Nayo ilikuwa na vyuo viwili vya tiba, Columbia na Cornell, vilivyobaki kila kimoja na uhuru wake, lakini hospitali yenyewe ilipewa bodi moja na mkurugenzi mmoja, na kuanzia mwaka 2000 hadi 2011 iliongozwa na Herbert Pardes, daktari wa magonjwa ya akili aliyekuwa amekwisha ongoza kitivo cha tiba cha Columbia. Haikulazimisha idara za vyuo viwili ziwe idara moja. Iliunganisha fedha, ununuzi na usimamizi wa hospitali, ikaacha ufundishaji ulivyo. Huko Boston, hospitali za Massachusetts General na Brigham and Women's zilianzisha shirika la pamoja mwaka 1994, kisha zikaendelea kuwa na idara pacha za tiba na upasuaji kwa miaka 30, hadi ilipotangazwa mwaka 2024 kwamba sasa idara hizo zitaunganishwa. Ni miaka 30 kati ya sahihi na kazi yenyewe, na hiyo ni kwa taasisi zilizofaulu.

Kwa upande wa zilizoanguka, shirika la hospitali la Allegheny la Pennsylvania, Marekani, linabaki kuwa onyo kubwa kuliko yote. Ilinunua hospitali, vyuo vya tiba na kliniki za madaktari kutoka Pittsburgh hadi Philadelphia kwa kasi ambayo bodi zake hazikuweza kuifuatilia, na Julai 1998 ikaomba ulinzi wa mahakama kama mufilisi ikiwa na madeni ya takribani dola za Marekani bilioni 1.3. Wachambuzi walioichunguza baadaye walionyesha kwamba ilikuwa na bodi nyingi zilizogawanywa kwa taasisi na kwa majukumu, hivi kwamba wajumbe wachache mno waliiona picha nzima ya hesabu. Ninaitaja kwa sababu bodi nyingi zinazofikiria kuungana huuliza kama mshirika ana afya ya kifedha, lakini hazijiulizi kama zenyewe zitaweza kusoma hesabu za taasisi itakayozaliwa.

Daktari, mtawala au wawili pamoja

Sasa ndipo swali la nani lina maana. Utafiti wa mwaka 2011 uliochunguza hospitali 100 zilizoshika nafasi za juu Marekani katika saratani, magonjwa ya moyo na magonjwa ya mfumo wa chakula ulikuta kwamba zilizoongozwa na madaktari zilikuwa na alama za ubora za juu zaidi kwa takribani asilimia 25. Takwimu hiyo hurudiwa sana na madaktari wanaowania nafasi, na mara nyingi bila kusema kwamba inaonyesha uhusiano tu. Inawezekana kabisa kuwa hospitali nzuri ndizo zinazoweza kuwavutia madaktari mashuhuri waziongoze. Hata hivyo kuna jambo moja ambalo daktari huja nalo na ambalo mtawala hulipata kwa shida: anapomwambia mpasuaji mwenzake kwamba matokeo yake si mazuri, husikilizwa. Toby Cosgrove, mpasuaji wa moyo aliyeiongoza Cleveland Clinic kuanzia 2004 hadi 2017, aliweza kuvunja mpaka wa zamani kati ya idara za upasuaji na za tiba na kuwapanga madaktari kwa kufuata viungo na magonjwa, ili mgonjwa wa moyo asihangaike kati ya ofisi mbili. Sidhani kama mtu wa fedha angevumiliwa akifanya hivyo. Alisaidiwa pia na desturi ya kituo hicho ya kuwaajiri madaktari kwa mshahara na kwa mkataba wa mwaka mmoja mmoja, unaotathminiwa kabla ya kuhuishwa.

Hoja ya upande wa pili ina umri wa miaka 40 na haijachakaa. Mwaka 1983 serikali ya Uingereza ilimwomba Roy Griffiths, kiongozi wa kampuni ya maduka ya vyakula ya Sainsbury's, aangalie namna huduma ya afya ya taifa inavyosimamiwa. Aliona kwamba maamuzi yalikuwa yakifanywa kwa makubaliano ya kamati, na akaandika kwamba kama Florence Nightingale, mwasisi wa uuguzi wa kisasa aliyejulikana kwa kuwazungukia wagonjwa usiku na taa, angekuwa anapita na taa yake katika korido za hospitali wakati huo, bila shaka angekuwa anawatafuta wenye dhamana. Mapendekezo yake yakaleta mameneja wakuu. Nidhamu ya bajeti, ununuzi, majengo na ajira ni taaluma, na daktari bingwa aliyeingia ofisini baada ya miaka 25 ya kliniki hajaisomea. Lakini utawala usio na sikio la kliniki nao una historia yake. Uchunguzi wa hospitali ya Stafford nchini Uingereza, ambao ripoti yake ilitolewa Februari 2013, ulieleza jinsi bodi ilivyojishughulisha na hesabu na kutafuta hadhi ya kujitegemea huku wodi zikikosa wauguzi wa kutosha na malalamiko ya wagonjwa na jamaa zao yakipita bila kushughulikiwa.

Chaguo la tatu ni kuwaweka daktari na mtawala katika kila ngazi, wakiwajibika kwa pamoja. Methali inasema mafahali wawili hawakai zizi moja, na mara ya kwanza mtu husadiki kwamba inawahusu. Mayo imekuwa na mpango huo tangu ilipomwajiri Harry Harwick mwaka 1908 ashughulikie mambo ya biashara kando ya madaktari, na unafanya kazi kwa sharti moja, kwamba kila mmoja ana eneo lake lililoandikwa na kuna mmoja ambaye neno lake ni la mwisho, naye huko ni daktari. Vituo vinavyoiga mpango huu bila sharti hilo huishia kuwa na vikao viwili kwa kila uamuzi. Katika vituo vingi, ningeongeza nafasi ya muuguzi mkuu kwenye jozi hiyo, kwa kuwa sehemu kubwa ya wafanyakazi wa hospitali ni wauguzi na ndio wanaojua ni kitanda kipi kitakuwa wazi leo jioni.

Kuoanisha njia na mtu

Kwa kituo kinachokulia mahali kilipo, ningemchagua daktari au muuguzi aliyewahi kusimamia chumba cha upasuaji, idara ya dharura au chumba cha wagonjwa mahututi, akiwa na msaidizi wa utawala mwenye nguvu. Kazi hapo ni kuwashawishi wenzake wabadili ratiba zao, na hilo halifanyiki kwa waraka. Kwenye usaili aulizwe ni idara gani aliwahi kuipangia upya kazi, nani alipinga, na matokeo ya wagonjwa yalikuwaje baada ya mwaka mmoja. Anayejibu kwa kueleza jengo alilolisimamia hajajibu swali.

Kwa matawi, uzito unahamia upande wa mtawala. Ujenzi, leseni, ununuzi, mifumo ya kumbukumbu za wagonjwa na kusafirisha watu ni kazi ya mpangilio, na daktari mkuu wa tawi anaweza kulinda ubora chini ya mkurugenzi ambaye si daktari. Sharti ni kwamba daktari huyo awe ametoka kituo mama, asiajiriwe kutoka nje wiki chache kabla ya kufungua milango. Kama kituo mama hakina wakuu wa vitengo wawili au watatu wanaoweza kuondoka bila idara zao kuyumba, hakijawa tayari kwa tawi, na bodi ingefanya vyema kuahirisha kuliko kufungua tawi lenye jina la kituo mama tu.

Kwa kuungana nina mashaka na kila aina ya kiongozi, na ushauri wangu wa kwanza ni kwamba kituo kisiungane ikiwa shabaha kuu ni ukubwa. Ikiwa sababu ni ya kweli, kama vile huduma mbili ndogo za upasuaji wa moyo ambazo zikiwa pamoja zitafikia idadi ya kutosha ya wagonjwa, basi atafutwe daktari anayeheshimiwa pande zote mbili na asiye mkuu wa upande wowote, pamoja na mkurugenzi wa fedha atakayeripoti moja kwa moja kwa bodi na si kupitia kwake tu. Kabla ya sahihi, bodi zote mbili ziafikiane kwa maandishi ni idara zipi zitakuwa na mkuu mmoja, nani atamteua, zitafanyia kazi kampasi ipi, na tarehe ambayo mkuu wa pili ataacha cheo. Pande mbili zikishindwa kukubaliana juu ya orodha hiyo zikiwa bado zinachumbiana, hazitakubaliana zikiwa zimekwisha changanya madeni.

Muda wa mkataba nao ufuate njia iliyochaguliwa. Miaka 3 inamtosha anayerekebisha mwendo wa wagonjwa katika kituo kimoja kuonyesha matokeo, na akishindwa, hasara haijawa kubwa. Anayeunganisha taasisi mbili apewe si chini ya 5, na kufikia mwaka wa pili bodi iwe imeshaona majina ya watu wawili wa ndani wanaoandaliwa kushika nafasi yake, kwa sababu muungano unaobadilishiwa mkurugenzi katikati ya kuunganisha idara hurudi ulikoanzia, na mara ya pili hakuna mkuu wa idara anayekubali kuachia kiti chake.